Picha za Kuliza: Filamu za Zamani kwa Watazamaji wa Ivuna

Mhadhara kwa wakazi wa Ivuna, Wilaya ya Momba, Mkoa wa Songwe

Mnamo 1935, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Mwingereza mmoja aliyeitwa Meja L. A. Notcutt alianza kutengeneza filamu kwa ajili ya Waafrika. Fedha zilitoka kwa Shirika la Carnegie la Marekani, na mradi ukapewa jina refu: Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu. Hadi 1937, Notcutt na wenzake walikuwa wamepiga picha kuhusu safura, mmomonyoko wa udongo, akiba ya posta na matibabu ya mifugo. Maelezo ya Kiswahili na ya lugha nyingine yalirekodiwa kwenye santuri, yakapigwa sambamba na mkanda. Lori lilibeba projekta na mashine ya umeme, likazunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Palipoingia giza, pakatundikwa shuka, watu wakakusanyika.

Filamu hizo zilikuja kufundisha. Mtu achimbe choo, azuie udongo wake usichukuliwe na mvua, aweke akiba. Kisha mwaka 1939 serikali ya Uingereza ikaanzisha Kitengo cha Filamu cha Makoloni, na mkuu wake, William Sellers, aliyekuwa ameanzia kazi hiyo Nigeria, akashikilia kwamba Mwafrika hawezi kufuata picha inayorukaruka. Kwa maoni yake kamera itulie, tukio lifuate tukio bila kuchanganya, hadithi iwe nyepesi, na hila za sinema ziachwe kando. Imani hiyo iliongoza kazi ya kitengo kile kwa miaka mingi.

Watazamaji wenyewe walikuwa wameshaijibu. Unguja ilikuwa na jumba la Royal tangu 1921, lililojengwa na mfanyabiashara Hassanali Adamjee Jariwalla. Jumba hilo liliungua, na mahali pake pakasimama Majestic mwaka 1955. Dar es Salaam ilikuwa na Empire, Avalon na Odeon. Humo gizani alikaa kuli wa bandarini, muuza samaki, karani, na mama wa nyumbani. Unguja yalikuwapo hata maonyesho ya wanawake peke yao, ili na wale wasiotoka ovyo wapate nafasi. Wote hao walitazama picha ya Kihindi ya karibu saa tatu, yenye kurudi nyuma miaka ishirini, yenye ndoto za mawingu na moto, bila neno la Kiswahili chini ya pazia. Walifuata, wakalia, wakarudi tena na tena, wakatoka wanaimba.

Mhadhara huu unasimama juu ya jambo hilo. Mtazamaji wa Afrika Mashariki ana uzoefu wa muda mrefu wa kuisoma huzuni ya watu asiowajua, kwa lugha asiyoijua. Kwa hiyo picha za zamani za masikitiko za Roma, za Bengal, za Dakar na za Tokyo ni zake pia, wala hahitaji shahada ili azielewe. Kinachohitajika Ivuna ni mtu wa kuzileta na mtu wa kuzisimulia.

Inafaa kuanza na ile ambayo wazee wengi wa nchi hii wataitambua kwa wimbo wake kabla ya jina lake. Awara, maana yake mzururaji, ilitoka India mwaka 1951. Aliyeiongoza ni Raj Kapoor, ndiye pia stelingi, na hadithi yake iliandikwa na Khwaja Ahmad Abbas. Jaji Raghunath ana kanuni moja maishani: mwana wa mwizi atakuwa mwizi. Waswahili wanaijua kanuni hiyo kwa maneno yao wenyewe, mtoto wa nyoka ni nyoka. Kwa kanuni hiyo jaji amewahi kumfunga mtu aitwaye Jagga. Jagga analipiza kisasi kwa kumteka mke wa jaji, kisha anamrudisha akijua kuwa ni mjamzito. Maneno ya watu yanaanza. Jaji anashindwa na maneno hayo, anamfukuza mkewe usiku wa mvua, na mtoto anazaliwa barabarani. Jagga anamlea mtoto huyo katika wizi ili kumwonyesha jaji kwamba damu ya jaji nayo yaweza kuiba.

Miaka inapita, mtoto anasimama kizimbani mbele ya baba asiyemjua. Anayemtetea ni Rita, mwanasheria, ambaye ni mpenzi wake wa utotoni, na mwigizaji wake ni Nargis. Anayeigiza jaji ni Prithviraj Kapoor, baba mzazi wa Raj Kapoor. Mtazamaji anayelijua hilo huitazama mahakama ile kwa jicho jingine kabisa, kwa sababu baba na mwana wa kweli wanatazamana.

Mwanahistoria Laura Fair, aliyekusanya kumbukumbu za watazamaji wa Tanzania na kuzichapisha mwaka 2018 katika kitabu Reel Pleasures, alikuta Awara ikitajwa na kutajwa tena. Si ajabu. Mwanamke anayefukuzwa kwa tuhuma, mtoto anayekua bila jina la baba, mtu anayehukumiwa kwa ukoo wake: mambo hayo yalikuwa barazani na majikoni kila siku. Picha iliyapa sura na sauti. Wimbo wake mkuu, uliopigwa na Shankar na Jaikishan na kuimbwa na Mukesh, uliimbwa na watu ambao hawakuweza kuagiza hata maji kwa Kihindi. Mahadhi ya filamu za aina hiyo yaliingia hadi kwenye taarabu. Juma Bhalo wa Mombasa, aliyefariki mwaka 2014, alijulikana pwani nzima kwa kuvisha mashairi ya Kiswahili tuni za Kihindi.

Nargis huyohuyo anarudi mwaka 1957 katika Mother India ya Mehboob Khan, na kwa mkulima wa bonde la Rukwa picha hii ina uzito wa pekee. Radha anaolewa kwa mkopo uliochukuliwa kwa mkopeshaji wa kijiji, Sukhilala. Riba inakula mavuno. Mumewe anapondwa mikono na jiwe shambani, kisha, kwa aibu ya kulishwa na mkewe, anaondoka usiku asirudi. Mafuriko yanakuja. Mama anavuta jembe mwenyewe, wanawe wakiwa nyuma yake. Mwana mmoja anakua na hasira ya deni lile mpaka anakuwa jambazi, na mama anamwua kwa risasi ili kulinda heshima ya binti wa kijiji. Ilikuwa filamu ya kwanza ya India kuteuliwa kuwania tuzo ya Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Mtu aliyewahi kuuza mpunga ukiwa bado shambani, kwa bei ya mnunuzi, hataona ugeni wowote ndani yake.

Kutoka India, safari yafaa iende Roma, mwaka 1948. Vita vimekwisha, kazi hakuna. Vittorio De Sica aliongoza filamu iitwayo Ladri di biciclette, yaani wezi wa baiskeli. Antonio Ricci anapata kazi ya kubandika matangazo ukutani, kwa sharti awe na baiskeli. Yake iko rehani. Mkewe Maria anavua mashuka kitandani, anayapeleka kwa mweka rehani, baiskeli inakombolewa. Katika ofisi hiyo kamera inamfuata mtumishi akipanda rafu na furushi la mashuka yale, na juu yake kuna mashuka ya watu wengine, mengi mno, yamefika darini. Hakuna anayesema neno. Mtazamaji anaona mwenyewe jinsi mji mzima unavyolala bila shuka.

Siku ya kwanza kazini baiskeli inaibiwa. Filamu iliyobaki ni baba na mwanawe Bruno, mtoto mdogo, wakizunguka Roma kuitafuta: sokoni kwenye vipuri, kanisani, kwa mpiga ramli, hadi mtaa wa mwizi, ambako majirani wanamkinga mwenzao. Mwisho baba anasimama karibu na baiskeli ya mtu mwingine, imeegeshwa peke yake. Anaiba. Anakamatwa hapohapo, anazabwa kofi, kofia inaanguka, na Bruno anaona yote. Mwenye baiskeli anamtazama mtoto na kumsamehe baba. Wanaondoka wakitembea katika umati. Baba analia, na mtoto anampa mkono.

Mtayarishaji wa Marekani, David O. Selznick, alikuwa tayari kutoa fedha endapo Cary Grant angeigiza Antonio. De Sica alikataa. Alimchukua Lamberto Maggiorani, mfanyakazi wa kiwanda, asiyewahi kuigiza. Mikono ile ni ya mtu aliyeshika chuma kweli, na inaonekana. Baada ya filamu kusifiwa duniani, Maggiorani alirudi kiwandani, na baadaye akapunguzwa kazini. Alichokiigiza kilimfuata.

Mahali ambapo baiskeli hubeba gunia la mpunga, dumu la maji na mara nyingine mgonjwa wa kupelekwa zahanati, hadithi hii haihitaji utangulizi. Swali ambalo De Sica anamwachia mtazamaji ni zito kuliko wizi wenyewe: baba afanye nini baada ya mwanawe kumwona katika aibu? Filamu haijibu. Mkono wa mtoto ndio unaojibu, na kila mtazamaji atausoma kwa namna yake.

Mwaka 1950 kijana wa Kalkuta aliyekuwa akifanya kazi katika kampuni ya matangazo alikwenda London, akaiona filamu hiyo ya De Sica, akatoka ukumbini akiwa ameamua kuwa mwongozaji. Jina lake Satyajit Ray. Alianza kupiga picha mwaka 1952, akamaliza 1955, kwa kuwa fedha zilikuwa zikiisha kila mara. Aliuza santuri zake, aliweka rehani bima yake na vito vya mkewe. Hatimaye serikali ya Bengal Magharibi ikatoa fedha, na kwa sababu filamu iliitwa Pather Panchali, yaani wimbo wa barabara ndogo, fedha hizo ziliandikwa kwenye fungu la ujenzi wa barabara.

Ni hadithi ya nyumba inayobomoka kijijini. Baba, Harihar, ni mcha Mungu anayetunga maandishi yasiyompatia kitu, na huondoka kutafuta riziki. Mama, Sarbajaya, anabaki na watoto wawili, Durga na Apu, na shangazi mzee asiye na pa kwenda. Mwigizaji wa shangazi huyo, Chunibala Devi, alikuwa na umri wa karibu miaka 80 na alifariki kabla filamu haijaonyeshwa. Anacheka kwa ufizi mtupu, anashona matambara yake, anafukuzwa na Sarbajaya, anarudi, anafukuzwa tena. Mama hafukuzi kwa ubaya wa roho. Chakula hakitoshi, na njaa ya wanawe imemkaza moyo. Filamu chache zimewahi kuonyesha kwa haki namna hiyo jinsi ufukara unavyowagombanisha watu wema.

Kuna tukio moja ambalo wakazi wa mkoa huu watalipokea kwa namna yao. Durga na Apu wanavuka shamba la matete meupe, wanasikia mlio wasioujua, wanatega masikio kwenye nguzo ya simu, kisha treni inatokea ikitoa moshi mweusi na kupita. Ni hilo tu. Reli ya TAZARA, yenye urefu wa kilomita 1,860, ilijengwa kati ya 1970 na 1975, ikapita Vwawa na Tunduma kuingia Zambia. Wapo watu wazima wa Songwe walioiona treni yao ya kwanza wakiwa na umri wa Apu. Watakapolitazama tukio hilo watakumbuka ardhi ilivyotetemeka.

Kisha mvua ya kwanza inanyesha. Durga anacheza ndani yake, nywele zimelowa, mdogo wake anatetemeka chini ya mti. Homa inampata, na usiku wa dhoruba anafariki. Baba hajui. Anarudi baada ya siku nyingi na zawadi, anazitoa moja moja, na mwisho anatoa sari aliyomnunulia Durga. Hapo mama anaangua kilio, lakini sauti yake haisikiki. Ray aliiondoa, akaweka ala ya muziki ya nyuzi iitwayo tarshehnai, inayopanda juu kama mtu anayekosa pumzi. Aliyewahi kukaa msibani anajua kwamba kilio cha mama kikifika kiwango fulani masikio hukataa kukisikia.

Siku familia inapofunga virago, Apu anakuta mkufu mahali pa juu, ndani ya kifuu. Ni mkufu ambao dada yake aliwahi kutuhumiwa kuuiba, akakana. Apu hamwambii mtu. Anautupa bwawani. Magugu yanafunguka, yanafunga tena, na siri ya Durga inakwenda naye. Kama ingekuwa lazima kuchagua tukio moja tu la kuonyesha katika orodha hii yote, mhadhara huu ungechagua hilo.

Pather Panchali ilipata tuzo Cannes mwaka 1956. Miaka 37 baadaye, moto uliunguza mikanda asilia ya filamu za Ray katika maabara mjini London, na mabaki yalikuwa ya kukatisha tamaa. Mafundi wa Bologna, Italia, walishughulika na mkanda huo ulioungua kipande kwa kipande, na mwaka 2015 filamu ikaonyeshwa tena ikiwa safi. Neno hilo la kuhifadhi litarudi mbele.

Wakati Ray akitengeneza filamu hiyo, Afrika iliyo kusini mwa Sahara ilikuwa bado haijapata nafasi ya kusimulia majonzi yake yenyewe kwa filamu ndefu. Mwaka 1966 Ousmane Sembène wa Senegal, mwandishi wa vitabu aliyewahi kuwa kuli katika bandari ya Marseille, akatoa La Noire de…, jina ambalo kwa Kiswahili lingekaribia kuwa mweusi wa fulani. Linakatika hapo kwa makusudi. Diouana ni binti wa Dakar anayekaa ukingoni mwa barabara pamoja na wanawake wengine kusubiri mwajiri. Mama wa Kifaransa anapita, wengine wanamkimbilia, Diouana anabaki nyuma kwa haya. Anachaguliwa kwa sababu ya haya hiyo. Kwa furaha anampelekea tajiri wake kinyago kama zawadi.

Anapelekwa Antibes, kusini mwa Ufaransa. Ameahidiwa kulea watoto. Anajikuta anapika, anafua, anafagia, na Ufaransa yote kwake ni jiko, bafu na chumba cha kulala. Kinyago chake kimetundikwa ukutani kama pambo. Barua inafika kutoka kwa mama yake. Yeye hajui kusoma, hivyo tajiri anamsomea, kisha anaanza kumwandikia majibu, akiweka kwenye karatasi maneno ambayo Diouana hakuyasema. Hata sauti yake inaajiriwa. Mawazo ya Diouana tunayasikia kwa Kifaransa fasaha cha mwimbaji wa Haiti, Toto Bissainthe. Mwigizaji mwenyewe, Mbissine Thérèse Diop, alikuwa mshonaji nguo. Diouana anakichukua tena kinyago chake, anakataa mshahara, na mwisho anajitoa uhai. Tajiri anarudi Dakar na kinyago na pesa. Mama yake Diouana anazikataa pesa. Mtoto mdogo anakivaa kinyago na kumfuata mzungu yule nyuma, hatua kwa hatua, mpaka mzungu anaingia garini akiwa amejawa hofu.

Sembène aliipata hadithi hiyo kutoka habari ya gazetini. Filamu ni ya takribani saa moja, nyeusi na nyeupe, na inahusu leo. Mwaka 2017 shirika la Human Rights Watch lilichapisha ripoti kuhusu wasichana wa Tanzania wanaofanya kazi za ndani Oman na Falme za Kiarabu: pasi za kusafiria zilizonyang'anywa, mishahara isiyolipwa, saa za kazi zisizo na mwisho. Familia yenye binti anayejiandaa kusafiri kwa kazi kama hiyo yafaa iitazame filamu hii ikiwa pamoja, naye binti akiwapo. Ni filamu yenye manufaa kuliko zote katika orodha hii, na ndiyo yenye kuumiza zaidi.

Japani ya miaka ya 1950 inasikitika kwa sauti ya chini. Katika Ikiru ya Akira Kurosawa, ya 1952, karani mkuu wa halmashauri aitwaye Watanabe ametumikia karibu miaka thelathini akigonga mihuri. Akina mama wanakuja kulalamikia dimbwi la maji machafu mtaani kwao, wanaelekezwa idara moja hadi nyingine, na ya mwisho inawarudisha kwenye ile ya kwanza. Watanabe anagundua ana saratani ya tumbo. Muda uliobaki anautumia kuwajengea akina mama wale kiwanja cha watoto. Kila mtu aliyewahi kuambiwa njoo kesho ataitambua ofisi hiyo, na kila mtumishi wa umma angepaswa kuiona walau mara moja.

Mwaka uliofuata Yasujirō Ozu alitoa kisa cha Tokyo, Tōkyō Monogatari. Wazee wawili, Shukichi na Tomi, wanatoka mji mdogo wa Onomichi kwenda Tokyo kuwatembelea watoto wao. Mwana ni daktari, binti ana saluni, na wote wana shughuli. Wanawapokea vizuri, wanawalisha, kisha hawajui wawapeleke wapi. Wanachanga pesa na kuwapeleka hoteli ya maji moto huko Atami, ambako vijana wanapiga kelele usiku kucha na wazee hawalali. Anayewatendea kwa upendo ni Noriko, mke wa mtoto wao aliyefia vitani, ambaye hana kitu zaidi ya chumba kimoja. Anaomba ruhusa kazini, anawazungusha mjini, anaazima kinywaji kwa jirani ili amkirimu mkwewe. Wazee wanarudi kwao. Bibi anaugua njiani, anafariki. Watoto wanakuja mazishini, na chakula cha msiba hakijapoa binti anaomba nguo za marehemu.

Hakuna mbaya katika filamu hii. Ndiyo maana inauma. Mzee aliyepanda basi kutoka bondeni kwenda kumwona mwanawe Mbeya au Dar es Salaam, akakaa sebuleni siku nne akitazama mlango, ataijua kila hatua ya safari ya Shukichi na Tomi. Na kijana aliyempokea ataijua vilevile, kwa upande wake. Ozu aliiweka kamera chini, kimo cha mtu aliyeketi kwenye mkeka, akaiacha hapo. Anayeitazama akiwa ameketi chini ataona kwamba macho yake na macho ya wahusika yanalingana.

Tanzania nayo ina lake. Arusi ya Mariamu ya 1985, iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, ni filamu ya nusu saa na ushee kuhusu mwanamke anayeugua maradhi ambayo hospitali imeshindwa kuyaponya, huku akiwaogopa waganga. Mulvihill akashirikiana baadaye na Martin Mhando kutengeneza Maangamizi, ambamo Amandina Lihamba anaigiza Samehe, mgonjwa wa hospitali ya akili aliyenyamaza kwa miaka ishirini. Samehe akiwa kimya, uso wa Lihamba unabeba kile ambacho midomo imekataa, na wachache katika sinema ya Afrika Mashariki wamewahi kuigiza namna hiyo. Maangamizi ilikuwa filamu ya kwanza ya Tanzania kupelekwa kuwania Oscar ya lugha ya kigeni. Kuiona leo, hata kwa mtu aliyesoma chuo, ni bahati.

Hapa, kuhusu kuhifadhi, ndipo Ivuna ina neno la kusema. Tarehe 16 Desemba 1938 jiwe lilianguka hapa kutoka angani, lenye uzito wa takribani gramu 705. Wanasayansi waliliona kuwa la aina adimu mno, na kundi zima la vimondo vya aina hiyo duniani likapewa herufi ya kwanza ya jina la kijiji hiki. Chombo cha Japani kilipoleta mchanga kutoka kwenye sayari ndogo ya Ryugu mwaka 2020, walioupima waliulinganisha na jiwe la Ivuna. Kipande chake kikubwa kinatunzwa London, mbali na unyevu wa hewa, ili kisiharibike.

Filamu za Notcutt, zilizopigwa miaka michache kabla ya jiwe hilo kuanguka, hazikupata bahati hiyo. Zilikuwa zaidi ya 30. Zilizosalia, nazo ziko London, zinahesabika kwa vidole vya mkono mmoja. Sura za watu wa Tanganyika waliosimama mbele ya kamera zile zimepotea, pamoja na sauti zilizosimulia Kiswahili kwenye santuri. Taifa likitaka kujua babu zake walivyotembea, walivyocheka na walivyoinama shambani, halina pa kutazama. Huo ni msiba, na usirudiwe kwa Arusi ya Mariamu, kwa Maangamizi, wala kwa mikanda ya harusi na mazishi ya miaka ya 1980 na 1990 inayooza kwenye makabati ya nyumba za watu kutoka Tunduma hadi Kamsamba.

Kuhusu kuzionyesha, nchi hii ina njia yake tayari. Tanzania Bara haikuwa na televisheni mpaka 1994, na kibanda umiza kilikuwa kimeshaanza kuziba pengo hilo: benchi, luninga, deki ya video, na chumba kilichojaa joto. Ndani yake akazaliwa msimuliaji wa filamu, mtu wa kuzitafsiri picha za kigeni papo hapo kwa Kiswahili cha mtaani. Aliyepata sifa kubwa ni Derek Gaspar Mukandala, maarufu Lufufu, ambaye sauti yake ilisafiri kwa kanda nchi nzima. Nairobi kuna DJ Afro. Kwa wasomi kazi hiyo imedharauliwa mno, na dharau hiyo si haki. Msimuliaji hodari anajua anyamaze wapi. Angeifanyia Tōkyō Monogatari, au usiku ule wa sari ya Durga, kile ambacho maandishi madogo chini ya pazia hayawezi kukifanya kwa bibi asiyejua kusoma.

Basi wenye vibanda umiza wa Ivuna, na walimu wenye projekta shuleni, watenge usiku mmoja kila mwezi, bila mpira na bila mapigano, kwa ajili ya picha hizi. Msimuliaji atafutwe hapahapa. Hatakosekana mahali penye watu wanaojua kusimulia msibani na ngomani. Wazee wapewe viti vya mbele, kwani wao ndio waliokaa Avalon au walisikia habari za waliokaa.

Picha ya kwanza iwe City Lights ya Charlie Chaplin, ya 1931. Waswahili humwita mchekeshaji chale, na jina hilo na lake hayako mbali. Katika filamu hii chale anampenda msichana kipofu muuza maua, anahangaika kupata pesa za kumtibu macho, anafungwa jela kwa ajili yake, na anapotoka msichana anaona. Hamjui, na anacheka anapomwona na matambara yake. Kisha anamwekea sarafu mkononi, anaushika ule mkono, na vidole vinamtambua kabla ya macho. Filamu ina urefu wa dakika 87, na tangu mwanzo hadi mwisho hakuna mhusika hata mmoja anayesikika akisema neno la lugha yoyote.